Mwezi Uliobebwa Kichwani

Siku nilipomwona Mama Lusia kwa mara ya kwanza, alikuwa anashuka kwenye lori lililoleta unga wa posho. Ukungu ulikuwa mzito hata tuliona kwanza kikapu kilichokuwa kichwani mwake, halafu kichwa chenyewe, halafu mtu mzima. Ilikuwa mwaka wa hamsini na tatu, kwenye shamba la chai nilikokuwa nachuma, huko Mufindi, upande wa Iringa. Nyuma yake alishuka binti yake, Lusia, msichana mrefu aliyejifunga khanga mbili na bado anatetemeka.

Nyapara wetu, Mzee Liberatus, alikuwa amesimama na fimbo kwapani akiwapokea wageni. Mama yule akamsalimu kwa Kinyakyusa, "Ndaga, baba," kisha akauliza kwa Kiswahili:

"Samahani. Njiani tumesinzia na kuamka mpaka nimepotea. Leo ni siku gani hapa kwenu?"

"Leo ni siku ya kazi," Liberatus akajibu bila kumtazama.

"Na kesho?"

"Siku ya kazi."

"Maskini! Mmezipa zote jina moja, kama mtu aliyezaa sana akachoka kufikiri."

Tuliokuwa tunashusha magunia tulicheka. Liberatus akageuka kutazama gurudumu la lori kama vile lina kasoro, lakini mimi niliyekuwa upande ule niliona mdomo wake. Alikuwa anacheka na yeye.

Jina hasa la mama yule lilikuwa Tupokigwe. Alitoka Ilomba, karibu na mji wa Mbeya, na alikuwa mjane. Mumewe, aliyekuwa fundi wa kuchoma matofali, alifariki mwaka uliotangulia, na msiba ule ndio uliovunja tarehe ya harusi ya Lusia. Lusia alikuwa amechumbiwa na kijana wa hapohapo Ilomba, Asukile. Sasa mama na binti walikuja kuchuma chai ili wapate blanketi, sufuria na gauni, na harusi ilipangwa upya, baada ya Krismasi ya mwaka uliofuata. Wajomba wa Asukile walikuwa wamesema wazi: wameahirisha mara moja kwa ajili ya msiba, hawataahirisha tena. Binti asipofika, watajua amekataa, na kijana ataoa kwingine. Jambo hilo kambi nzima tulilijua, maana Lusia hakuwa na hadithi nyingine. Ukimuuliza maji yamechemka, anakujibu habari za Asukile.

Kwa wale ambao hawakufanya kazi mashambani miaka ile, inafaa nieleze kipande. Kipande kilikuwa kadi ngumu yenye vyumba thelathini. Ukichuma majani yakafikia kipimo, karani anakutilia alama chumba kimoja. Usipofikisha, au ukiumwa, chumba kinabaki kitupu, na siku ile ni kama hukuishi. Mwezi wako unaisha vyumba vikijaa. Kwa hiyo kambini kila mtu alikuwa na mwezi wake. Mimi naanza, jirani yangu yuko katikati, mke wa jirani yangu anamaliza. Ukisikia mtu anaimba akirudi, ujue mwezi wake umeisha leo. Aliye kando yake ananyamaza, kwa kuwa wake haujaisha, na hakuna anayemngojea.

Sisi tuliozoea hatukuliona hilo kuwa jambo. Mama Lusia aliliona.

Jioni tulipanga foleni kwenye banda la mizani. Mvua ikinyesha, foleni haitembei, kwa sababu karani Joachim alikuwa mtu wa kupangusa miwani kila baada ya kikapu. Katika kungoja huko ndiko Mama Lusia alikoanza kutusimulia nchi yake. Mimi nilikuwa nasimama nyuma yake siku zote. Sikupangiwa mahali pale, nilipachagua, kwa sababu mtu mwenye haya kama mimi akisimama nyuma ya mgongo mpana anaweza kusikia kila kitu bila mtu kumwuliza neno.

Nchi hiyo aliiita Nchi ya Nyuma ya Ukungu. Alisema iko palepale ng'ambo ya miti ya kuzuia upepo, ila ukiiendea inarudi nyuma. Watu wake ni wafupi kama michai, na jua lao linachelewa kuamka kwa sababu linaogopa baridi. Mwezi wao hauko angani. Unabebwa kichwani, ndani ya kikapu, na bibi mmoja anayeitwa Mbebamwezi, naye anaizunguka nchi nzima kwa miguu. Mwezi unaisha pale bibi anapotua kikapu, akapumzika, akakigeuza. Lakini sharti lake ni hili: haruhusiwi kutua mpaka kila mtu katika nchi awe amesema kwa sauti, "Nimemaliza." Mmoja akibaki, bibi anaendelea kutembea.

"Kwa hiyo mwezi wao una siku ngapi?" Bartholomeo aliuliza. Huyo alikuwa mchumaji hodari kupita wote, Mbena mwenye mikono mikubwa na maneno makubwa zaidi.

"Zinazomtosha mvivu wenu."

"Na mvivu akikataa kabisa?"

"Majirani wanakwenda kumsaidia. Unafikiri wanampenda? Wanataka mwezi ugeuke ili wale sikukuu! Kulikuwa na mzee mmoja aliyejenga ukuta peke yake na hakutaka kuguswa. Mwezi ukakaa mpaka mahindi yakaota juu ya mahindi. Basi wakawa wanangoja ainame kula, wanampachikia jiwe moja moja kwa nyuma. Yeye akitazama anasema, 'Leo nina nguvu.'"

Hata Joachim aliacha kupangusa miwani.

Miezi ya nchi ile ilikuwa na majina. Kulikuwa na Mwezi wa Matope, Mwezi wa Panzi, Mwezi wa Moshi, Mwezi wa Nguo Zisizokauka, na mmoja ulioitwa Mwezi wa Mgeni Asiyeaga. Wiki yao haikuwa na Jumatatu.

"Ilikuwepo zamani," alisema. "Watu wakaisahau porini, nyani wakaila."

"Na nyani wakawaje?"

"Si unawaona walivyo wakali mpaka leo?"

Sijui ni lini hasa maneno yale yalitoka kwenye hadithi yakaingia kambini. Nakumbuka tu kwamba mwaka mmoja haukuisha kabla watu hawajaanza kusema "tuonane Mwezi wa Moshi" bila kucheka. Rozalia, mama mmoja Mkatoliki wa jirani yangu, alipopeleka mtoto kubatizwa, padri akamwuliza mtoto kazaliwa lini. Akajibu kwa unyenyekevu kabisa, "Mwezi wa Panzi, baba, siku bibi alipotua." Padri alishusha kalamu. Rozalia alirudi analia kwa aibu, na Mama Lusia alimpikia maharage yenye mafuta mengi kumwomba radhi. Na asubuhi moja Mzee Liberatus mwenyewe, akitangaza kazi mbele ya watu wote na bwana shamba kando yake, alisema kupalilia kutaanza Mwezi wa Nguo Zisizokauka. Hakuna aliyeguna. Wote tulijua ni lini.

Ila jambo kubwa lilikuwa "Nimemaliza." Ilianza kama mchezo. Mtu kipande chake kikijaa, anatoka kwenye mizani anasema kwa sauti, "Nimemaliza!" na foleni inaitikia. Kisha tukaanza kuangalia nani bado. Bartholomeo alivimba mkono, akawa anachuma kwa vidole vya upande mmoja. Mama Lusia, akipita na mstari wake wa michai, akatupa konzi mbili za majani kwenye kikapu cha mwenzake. Rozalia akatupa. Mimi nikatupa, nikapita haraka. Jioni Bartholomeo alipima akafikisha, akatazama kikapu, akasema, "Leo nina nguvu." Tulicheka mpaka mizani ikatikisika.

Kwangu mimi kazi ngumu ilikuwa kulisema lile neno. Kipande kikijaa nilikuwa nalisemea kifuani. Watu wakapiga kelele: "Ambrosi! Sema, bibi shingo inamuuma!" Mama Lusia hakuwahi kugeuka kunitazama nikiwa katika taabu hiyo. Alikuwa anangoja tu, akionyesha mgongo, mpaka nimesema.

Siku moja nilijikaza nikamwuliza swali, la pekee nililowahi kumwuliza pale kwenye foleni.

"Mama, na mtu akifa kabla hajamaliza?"

Alikiweka sawa kikapu kichwani. Halafu akasema, "Ambrosi, wewe huongei, lakini ukiongea unavunja sufuria. Ngoja nifikiri." Na hakunijibu.

Ukafika mwisho wa mwaka wa pili, ule wa harusi. Mvua zilianza, na Lusia akashikwa na kichomi. Alilala muda mrefu, akipumua kama mlango unaokwaruza. Alipoinuka, kipande chake kilikuwa na vyumba vitupu vingi, na sheria ya shamba ilikuwa moja: lori la Krismasi la kwenda Mbeya halimpakii mtu ambaye kipande chake hakijajaa. Lori jingine lilikuwa mpaka baada ya mwaka mpya, harusi ikiwa imeshapita. Kwa miguu asingefika hata Makambako kwa kifua kile.

Pale kwetu mchumaji aliyefikisha kipimo mara mbili kwa siku moja alitiliwa alama mbili. Basi tukamchumia. Liberatus alituona. Akaja akasimama kwenye mstari, akapiga fimbo kwenye buti lake.

"Mimi sioni mnachotia kwenye vikapu, ukungu ni mwingi," alisema. "Lakini kikapu cha Lusia kitaletwa mizani na Lusia. Asiyeweza kusimama mbele ya mizani hayupo kazini. Hilo siwezi kulibadili."

Ikawa hivyo. Sisi tunachuma, Lusia anabeba, anapumzika kila baada ya michai michache, anabeba tena. Vyumba vikaanza kujaa. Jioni ya mwisho kabla ya safari, giza likaingia akiwa amebakiza chumba kimoja. Joachim alifunga mizani. Lusia aliketi juu ya kikapu akaangalia kipande chake, na jina la Asukile hakulitaja. Hapo ndipo nilipoogopa.

Asubuhi lori lilikuwa linanguruma. Dereva, mtu mmoja anaitwa Yotamu, alikuwa na haraka kwa sababu barabara ya kule mbele ilikuwa inateleza. Sisi wa kuelekea Iringa gari letu lilikuwa la mchana, tulikuja kuaga tu. Watu wa Mbeya walipanda na mizigo yao. Mama Lusia, ambaye kipande chake kilikuwa kimejaa siku nyingi, alibaki chini na binti yake.

"Mama Lusia, panda!" Yotamu aliita.

"Nendeni salama. Mimi nabaki na mtoto."

Bartholomeo alikuwa ameshakaa juu ya magunia; alikuwa anakwenda kushuka Makambako. Aliinama kutoka kule juu akasema maneno ambayo wengine tuliona ni makali.

"Kumbe! Ule mwezi unaongoja kila mtu uko wapi leo? Mwite bibi yako asimame."

Mama Lusia alimtazama. "Ile ni hadithi, Bartholomeo. Niliitunga kwa sababu foleni ilikuwa ndefu. Leo aliyebaki ni mwanangu mwenyewe, na mimi siwezi kuwaambia watu waache Krismasi kwa ajili ya mwanangu. Ningekuwa nimetunga nchi nzima ili nije nijipendelee. Pigeni honi mwende."

Yotamu akatia gia.

Bartholomeo akasimama, akachukua kikapu chake kilichokuwa kitupu, akaruka chini kwenye matope. "Ilikuwa hadithi yako," alisema. "Mkono uliovimba ulikuwa wangu. Mwezi haujageuka."

Akaanza kutembea kwenda shambani.

Sijawahi kuona lori likimwagika namna ile. Walishuka wanawake na magauni yao ya safari, wakajifunga magunia kiunoni. Walishuka wazee. Rozalia na sisi wa Iringa tukaingia upande wa pili. Yotamu alipiga honi, akatukana kidogo, akaona hasikilizwi. Akateremka akauliza, "Mnachuma namna gani hii? Majani mangapi?" Rozalia akamwonyesha: majani mawili na kichipukizi, acha hayo magumu.

Liberatus alifika anakimbia. "Mnafanya nini? Chai ya umande! Mnajua nakata uzito wa maji!"

"Kata, mzee," Mama Lusia akasema. Alikuwa amesimama palepale, machozi yanamtoka, na mikono yake haikuacha kuchuma. "Kata ya kutosha, tusije tukaambiwa tumeiba. Tutazidisha."

Na tulizidisha. Kikapu kilijaa kikashindiliwa kikajaa tena. Bartholomeo alikiinua akamtwika Lusia taratibu kama mtu anayeweka yai, na Lusia akaenda nacho. Hatukumshika. Tulitembea nyuma yake, foleni nzima, kwa mwendo wake. Aliposimama, tulisimama. Nilitazama ule ukungu na kile kikapu kinachopanda mlima polepole juu ya shingo nyembamba, nikawa namwona yule bibi wa hadithi kwa macho yangu. Nadhani sikuwa peke yangu.

Joachim alifungua mizani. Liberatus akasoma, akakata maji, na hakukata kidogo. Akasoma tena.

"Imefika," alisema.

Joachim akatia alama kwenye chumba cha mwisho. Lusia alifungua mdomo aseme lile neno, kikohozi kikamzidi. Akajaribu tena, sauti haikutoka. Tukabaki tunamtazama. Ndipo Mama Lusia, aliyekuwa amesimama nyuma yake kwenye foleni, akasema kwa sauti iliyofika mpaka kwenye lori:

"Amemaliza!"

Tuliitikia mpaka kunguru wakaruka juu ya banda. Na lori lilipokuwa tayari kuondoka, Mzee Liberatus, ambaye kazi yake ilikuwa kusoma majina na kuangalia vipande, hakusoma hata kimoja. Alizunguka lori na fimbo yake, akauliza mara moja tu: "Kuna ambaye hajamaliza?" Hakukuwa na mtu. Akapiga bati la lori kwa kiganja, likaondoka.

Lusia aliolewa. Asukile alikuwa amewaambia wajomba zake kwamba kama lori lisingefika angekuja mwenyewe kwa baiskeli. Labda ni kweli, labda ni maneno ya bwana harusi. Mama Lusia alirudi akachuma misimu mingine michache, kisha kifua, kilekile kilichomsumbua binti, kikamkamata na yeye, akaenda kukaa Ilomba kwa mkwewe. Pale shambani miezi yake iliendelea kutumika. Nilipoacha kazi na kuhamia Iringa mjini, niliwaacha watu wapya kabisa, ambao hawakumjua, wakisema Mwezi wa Panzi. Mimi nimesoma darasa la nne tu, na nchi nyingi za dunia nazijua kwa majina. Lakini najivunia kwamba nimeishi katika nchi moja ambayo aliyeitunga alikuwa amesimama mbele yangu na kikapu.

Mwaka wa hamsini na tisa nilipata nafasi nikapanda basi kwenda Mbeya kumtazama. Nilimkuta ameketi barazani Ilomba, blanketi magotini, amekonda, mgongo ule mpana umebaki mifupa. Watoto wa Lusia walikuwa wanacheza mbele yake. Mmoja aliniambia leo ni siku ya baada ya Jumapili.

"Yaani Jumatatu," nikasema.

"Hakuna kitu kama hicho," mtoto akajibu, "ililiwa na nyani." Bibi yake akacheka mpaka akakohoa.

Lusia alitupikia ndizi. Tulikaa tukala. Jua lilipoanza kuteremka na basi langu kukaribia, nilisimama kuaga. Ndipo yeye akasema:

"Ambrosi. Lile swali lako."

"Swali gani, mama?"

"La mtu kufa kabla hajamaliza. Nilikuambia ngoja nifikiri. Nimefikiri."

Nikakaa tena.

"Siku ile Lusia aliposhindwa kusema, nani alimsemea?"

"Wewe, mama."

"Kwa sababu gani?"

"Ni mwanao."

"Hapana. Kwa sababu nilikuwa nyuma yake kwenye foleni. Sheria ndiyo hiyo. Mtu akiondoka hajasema, aliye nyuma yake anamsemea, kwa sauti, watu wote wasikie. Ndipo bibi anatua." Akapumua kidogo. "Na nyuma yangu alikuwa anasimama nani miaka yote ile?"

Nilijua nani.

Aliuchukua mkono wangu, akaupiga kofi dogo kama anavyofanya mtu kumwamsha mtoto, akasema:

"Basi usinichelewee kama kawaida yako, baba. Bibi shingo inamuuma."